Jina Langu Lilijibiwa na Mbwa

Watu wa mjini wakisikia jina la kwetu hawawezi kujizuia. "Eti mama, jina lako lina maana gani?" Wanauliza wakitabasamu, kichwa wamekiinamisha upande, wanangoja kuambiwa kitu kitamu. Nikienda benki wapo, nikienda hospitali ya mkoa wapo, na nikichelewa kujibu wanaongeza, "Majina ya Kagera yana maana nzito sana." Nzito, ndiyo. Ungeubeba wewe uzito huo, mwanangu, hayo meno usingeyatoa nje.

Basi nawaambia. Jina langu lina maana ya "Watachoka". Kwa Kinyambo silitaji hapa, kwa sababu Chonyonyo tunajuana, na nikilitaja watu watakumbuka shamba la nani na mpaka wa nani, na wapo wasiohitaji sababu kubwa ya kuanza upya. Watachoka. Kina nani? Majirani. Watachoka kufanya nini? Kusema. Hakuna kingine humo ndani. Hakuna baraka, hakuna babu aliyekuwa shujaa, hakuna asubuhi njema niliyozaliwa. Mimi ni jibu la ugomvi.

Ugomvi wenyewe ulikuwa wa mpaka. Kwetu mpaka wa mashamba hupandwa mramura, mmea wa majani marefu ambao hata ukiukata huchipua tena, na mtu akiung'oa na kuusogeza amefanya jambo la aibu kubwa. Jirani yetu alieneza maneno kwamba baba amesogeza miramura na kumeza mstari wake wa migomba. Alisema kisimani, alisema kilabuni, alisema hata nje ya kanisa watu wakiwa bado na vitabu vya nyimbo mkononi. Baba alikuwa mzee wa kanisa, Mlutheri wa kweli, mtu asiyeinua sauti. Hakwenda kwa mwenyekiti wa kitongoji. Hakushika panga. Alimtazama mama, aliyekuwa na mimba yangu, akatulia zake, akangoja.

Maana ndivyo watu wenye heshima zao wanavyogombana kwetu. Mstaarabu hamtukani jirani. Anazaa mtoto, anampa jina, halafu mama mtu anasimama uani jioni na kuita kwa sauti ya kuvuka migomba: "Watachokaaa! Njoo ule!" Nani atakushtaki? Unamwita mwanao, chakula kinapoa. Na jirani kule upande wa pili, mkono kwenye sahani, anameza tonge pamoja na neno.

Jirani yetu naye hakuwa mjinga. Mke wake alikuwa ameshapita umri wa kuzaa, hivyo hakuwa na mtoto wa kunijibia. Akaenda akatafuta mbwa. Alikuwa mbwa mwekundu, sikio moja limelala, akampa jina lenye maana ya "Tumewaona". Huo nao ni utaratibu unaojulikana; asiye na mtoto hujibu kwa mbwa. Kwa hiyo jioni za utoto wangu zilikuwa hivi: mama anaita, jirani anaita. Mama akipandisha sauti, jirani naye anapandisha. Mimi nakimbilia ndizi na maharage, mwenzangu anakimbilia mifupa. Shuleni watoto waliniita dada yake Tumewaona. Loh! Nilipigana mimi. Siku moja nilirudi gauni limechanika begani, mama akaniuliza nimepigana na nani, nikamwambia, "Na hao mnaosubiri wachoke." Nikachapwa tena.

Halafu wakapatana! Hapo ndipo hasira yangu ilipo, na mpaka leo haijapoa. Mke wa jirani aliugua ghafla, wakawa wanambeba kwa machela kumpeleka barabarani, baba akasikia vilio, akatoka, akashika mti wa mbele bila kuombwa na mtu. Mama yule akapona. Wanaume wawili wakakaa sebuleni kwetu wakanywa lubisi, pombe yetu ya ndizi, kutoka kibuyu kimoja, wakacheka mpaka wakafuta machozi. Wakasema, "Ni shetani tu alitupitia." Kumbe shetani! Baadaye mbwa akafa, wakamfukia chini ya mgomba, na jirani hakufuga mwingine. Miramura ikaachwa pale ilipo. Kila kitu cha ugomvi ule kikaisha isipokuwa mimi.

Nilimfuata baba. Nilikuwa bado mdogo lakini mdomo nilikuwa nao. "Baba, sasa mmepatana. Na mimi je?" Akacheka, akanishika kichwa, akasema, "Limeshakukaa, mwanangu. Jina ni jina tu." Baba alinipenda, sisemi uongo, ndiye aliyeng'ang'ana nisome wakati wenzangu wanaolewa. Lakini neno lile, jina ni jina tu, nimelisikia tena na tena maishani mwangu, na kila mara hunipandisha mori. Kama ni jina tu, mbona hukuupa mramura jina hilo?

Msije mkadhani nachukia mila. Kwetu yapo majina mazuri. Wapo walioitwa kwa kumshukuru Mungu, wapo walioitwa kwa sababu walizaliwa njiani, au msimu wa senene, au baada ya mapacha. Yupo mama mmoja jina lake lina maana ya "Amenifuta machozi", kwa sababu alikuja baada ya msiba, na ukimwita unajisikia vizuri mdomoni. Hayo sina ugomvi nayo. Ninalogombana nalo ni hili la mtu mzima kukosa ujasiri wa kwenda kwa mwenzake kumwambia uso kwa uso, "Umenikosea," badala yake akamtuma mtoto mchanga. Mtoto hajaweza hata kukaza shingo, keshatwishwa maneno ya wazee.

Nilipoolewa Kibingo, upande wa Kyerwa, nilijua hayo nimeyaacha Chonyonyo. Nani Kibingo anajua mpaka wa baba? Mjinga mimi. Siku ya kwanza nimepiga magoti mbele ya mama mkwe, macho chini kama nilivyofundwa, akaniuliza kwa upole jina langu la nyumbani. La ubatizo alikuwa nalo tayari, lilitangazwa kanisani, lakini la ubatizo ni la Jumapili. Kwetu mtu hujulikana kwa lile aliloitiwa chakula. Nikalitaja. Akalirudia polepole. Kisha akauliza, "Na hao watakaochoka ni sisi?"

Nilieleza. Nilieleza mpaka mate yakanikauka: mpaka, miramura, jirani, hata mbwa nilimtaja. Mama mkwe alisikiliza mpaka mwisho, akasema, "Haya," haya ile ya mtu asiyekubali. Kwa akili za kwetu alikuwa sahihi: jina ni neno, na neno likiingia nyumbani kwako lina mtu linamtafuta. Bibi arusi anayeitwa Watachoka, anaingia kwa mama mkwe, halafu useme ni bahati mbaya? Hakuniita jina hilo hata mara moja. Aliniita "wewe wa Chonyonyo". Na alikuwa anangoja. Baba alingoja mimba ya mama, mama mkwe akangoja yangu.

Mtoto wangu wa kwanza akazaliwa, wa kiume, mzuri, nywele mpaka kisogoni. Baba mkwe alikuwa ameshafariki, hivyo mwenye mdomo wa kumpa jina alikuwa mume wangu, na mume wangu wakati ule alikuwa kijana wa mama yake. Nilikuwa nimelala chumbani nikawasikia wanazungumza sebuleni. Jina likatajwa. Lina maana ya "Hatuchoki".

Kwanza nilicheka. Haki ya Mungu, nilicheka. Neno ambalo baba alilirusha juu ya migomba ya Chonyonyo limpige jirani lilikuwa limepotea njia, limevuka vilima, limempata bibi wa watu Kibingo ambaye baba hakuwahi kumwona, naye akalirudisha kupitia tumboni mwangu. Mwanangu mwenyewe alikuwa ananijibu mimi. Kila nitakapomwita aje ale, najizomea mwenyewe uani kwangu. Halafu kicheko kikageuka, nikalia. Mume wangu akaingia akanikuta nalia, akakaa ukingoni mwa kitanda, na mnajua alisema nini. "Mama watoto, jina ni jina tu."

Na huo ugomvi nao ukaisha. Mama mkwe alipozeeka mimi ndiye niliyemwogesha, na mikononi mwangu ndimo alimokata roho. Alimpenda yule mjukuu kuliko wote, akimwita kutwa nzima, Hatuchoki wangu, Hatuchoki wangu, mpaka nadhani alisahau kabisa alilitunga kwa ajili gani. Mwanangu mwenyewe alikua nalo kama mtu anavyokua na kovu. Siku tulipokwenda kumposea mke, mzee mmoja wa upande wa pili aliuliza, "Hamchoki nini, kula?" Watu wakavunjika mbavu. Mimi nilitazama majani yaliyotandikwa sakafuni, nikayahesabu kwa macho ili nisiseme kitu.

Zamani walau ingekuwa nafuu. Zamani hatukuwa na jina la kuburuzana nalo kizazi hata kizazi. Kila mtu alikuwa na lake, na ukitaka kujua ni wa wapi ulimuuliza ukoo wake na mwiko wa ukoo, kwamba hawali kitu gani. Mtu akifa, ugomvi uliokuwa kwenye jina lake unazikwa naye. Siku hizi shule inataka la mtoto, la baba na la babu. Kwa hiyo Hatuchoki ya mama mkwe, iliyonilenga mimi peke yangu, mtu mmoja, sasa ndiyo itakayobebwa na watoto wote wa mwanangu, na huko mbele wajukuu zake wataulizwa na kijana wa benki lina maana gani, nao watasema hawajui ila ni nzito.

Haya, sasa la mwaka huu, maana ndilo lililonifanya nikae nikaandika.

Mume wangu ana mdogo wake. Baba yao alipokufa, mume wangu ndiye aliyemlea. Aliacha shule yeye ili mdogo wake asome, akawa anampakia kwenye baiskeli asubuhi na kumfuata jioni. Shemeji amefanikiwa. Ana gesti Nkwenda, karibu na soko, wanalala humo wanunuzi wa maharage na kahawa na madereva wa njia ya Uganda. Sina neno naye, ni mcheshi, akija kwetu nyumba inachangamka. Lakini mwaka huu aliipaka gesti rangi mpya, akaweka ubao mkubwa juu ya mlango, na jina aliloliandika hapo, kwa Kinyambo, lina maana ya "Nimejitafutia".

Mume wangu alikwenda Nkwenda siku ya soko kununua chumvi na dawa ya kahawa. Akarudi bila chumvi na bila dawa. Akakaa kwenye benchi la nje, hata kofia hakuvua. Nikamuuliza kuna nini, akasema hakuna. Nikaendelea kumenya ndizi zangu. Mwishowe likamtoka: "Nimejitafutia! Yeye! Peke yake!"

"Basi kesho panda bodaboda uende ukamwambie imekuuma," nikasema.

Akaniangalia kana kwamba nimemwambia atembee uchi sokoni. "Nikazozane na mtoto niliyemlea?" Kisha akatazama upande wa nyumba ya mwanetu, ambaye mke wake alikuwa karibu kujifungua, na uso wake ukatulia. Nilivyouona unatulia, moyo ukanipasuka. "Mtoto akizaliwa," akasema, "jina ninalo. Hawashukuru."

Kisu kikaniponyoka. "Ebo! Mzee, umerogwa?"

"Ni haki yangu. Mimi ni babu."

"Haki yako kumpa jina. Kumtuma si haki yako."

"Mama watoto, jina ni..."

"Usimalizie! Nakuambia usimalizie hilo neno!"

Hakulimalizia, lakini jina hakuliacha. Alilizungumza na wazee wenzake wakati wa kuanika kahawa, nao wakalisifu. Wakasema limekaa. Wakasema hilo hata likipita Nkwenda halihitaji mkalimani. Watu wazima, wana mvi, wanalipima jina la mtoto kama wanavyopima mkuki, wanauangalia ncha. Mpaka mtoto anazaliwa, wa kike, kitongoji kizima kilikuwa kinajua ataitwaje isipokuwa shemeji.

Nikamwendea mwanangu. Mtu mzima, ana ndevu zake, ana pikipiki yake. "Wewe ndiye baba wa mtoto. Sema."

Akakuna kichwa. "Mama, yule ni baba. Nitaanzaje?"

"Unaitwa Hatuchoki na tayari umechoka kabla hujafungua mdomo," nikamwambia. Akacheka, kisha akaondoka kwenda kukagua mgomba ambao haukuwa na tatizo lolote.

Nikaingia kwa mkwe wangu. Binti mpole, mchapakazi, mtoto yuko titini. "Umesikia wanataka kumwitaje?"

"Nimesikia, mama."

"Na wewe unasemaje?"

Akainamisha macho. "Mimi hapa ni wa kuja, mama. Nitasema nini?"

Nilitaka kumtikisa mabega. Lakini mtamlaumu vipi? Kwetu mke wa mtoto hata kupitana na baba mkwe mlangoni anaona haya, sembuse kumbishia. Basi ndivyo inavyokwenda: babu ana haki, baba ana adabu, mama ni wa kuja, na mtoto hana meno. Nani wa kumsemea? Nilikwenda jikoni nikakoka moto kwa hasira mpaka ndizi zikaungua.

Siku ya kumtoa mtoto nje, shemeji alialikwa. Mume wangu alimpigia simu mwenyewe, sauti laini ajabu, mdogo wangu njoo, usikose. Akaja na bodaboda, kabeba blanketi la mtoto, sukari na sabuni. "Shikamoo shemeji," akaniamkia, anacheka. Nikamwitikia marahaba, moyoni nasema, masikini, hujui ulichoitiwa. Tuliwatandikia majani mabichi sebuleni, tukawazungushia kahawa ya kutafuna kwenye kikapu, wazee na majirani wakaegemea ukuta. Mkwe wangu alikaa kwenye mlango wa chumba, nusu ndani nusu nje. Mwanangu akamchukua mtoto akampa babu yake.

Mume wangu akakohoa. Macho yake yalikuwa kwa mdogo wake. Hapo nikasimama. Mwanamke hasimami hapo, najua. Nilisimama.

"Kabla hujalitaja," nikasema, "ngoja niwaambie huyu mtoto atakavyoitwa shuleni. Mwalimu atasimama mbele ya darasa aseme: Hawashukuru Hatuchoki Wananichukia! Na mtoto wa watu, meno ya mbele yamemtoka, atainuka aseme, Nipo."

Wananichukia ndiyo maana ya jina la mume wangu. Baba yake alilitoa kwa ajili ya ndugu zake wa kambo, na hao ndugu wote walishakufa. Mtu mmoja ukutani alicheka akajiziba mdomo. Mume wangu hakucheka. "Kaa chini, mama watoto."

"Sikai. Jina lote hilo ni ugomvi, mwanzo mpaka mwisho. Wewe unamgombeza mdogo wako. Mama yako, Mungu amrehemu, alinigombeza mimi. Baba yako aligombeza ndugu zake. Mtoto yuko wapi humo? Nionyesheni mtoto yuko wapi!"

Shemeji aliacha kutafuna. "Ngojeni kwanza. Hawashukuru ni mimi?" Akamgeukia mume wangu. "Kaka, ni mimi?"

"Ukijiona humo, basi ni wewe."

"Kwa sababu ya ubao?"

"Ubao gani? Mimi nimetaja ubao?"

Mnaona? Hata hapo, magoti yao yanakaribia kugusana, bado hakuweza kusema! Ningekuwa na mwiko mkononi ningempiga nao mbele za watu. "Mwambie!" nikapaza sauti. "Mwambie ubao wake umekuuma! Mwambie ulivyompakia kwenye baiskeli, mvulana mzito vile! Yeye kapaka rangi mbao, mbao haina roho, kesho anaweza kuifuta. Wewe unataka kumpaka mtoto!"

Shemeji akainuka nusu, uso umemwiva. Ule ucheshi wote ulikuwa umekwenda. "Sawa, kaka. Sawa kabisa. Na mimi mke wangu ni mjamzito. Tutaonana."

Jamani! Aliye tumboni hajaliona jua keshaitwa kwenda kujibu. Watoto wawili wa damu moja wamewekwa wazodoane mpaka uzee wao kwa niaba ya wanaume wawili ambao, nawajua hawa, Krismasi wangekuwa wanakula senene sahani moja na kusema ni shetani. Wazee ukutani walikuwa wanatikisa vichwa kwa kufurahia, kama watu wanaotazama mpira.

"Haya!" Mume wangu akanigeukia, sauti sasa imempanda. "Wewe unayejua kila kitu, sema wewe! Wewe ungempa jina gani?"

Nikafungua mdomo. Jina lilikuwa tayari, nilikuwa nimelilalia tangu mtoto azaliwe. "Wamwache." Nililisikia linafika kwenye ulimi, na papo hapo nikajua linawalenga kina nani: wote mle ndani, na wa kwanza wao ni mume wangu. Nilitaka walisikie kila jioni. Nilitaka liwaume. Loh, hata mimi! Mkuki kwa nguruwe. Miaka yote hii ya kulalama, na nilipoulizwa jina la mtoto nilikuwa nimechonga jiwe lingine la kurusha. Nikafunga mdomo, nikakaa.

Mume wangu akaona nimeshindwa, akamweka mtoto sawa mikononi, akavuta pumzi ya kulitaja lile lake.

"Baba, naomba aitwe Mvua."

Sauti ilikuwa ndogo, nusu yetu hatukujua imetoka wapi. Mkwe wangu alikuwa amepiga magoti pale mlangoni, macho sakafuni. Alikuwa amelitaja kwa Kinyambo, jina la kawaida tu, mvua hii hii inayonyesha.

Mume wangu akakunja uso. Wote walikunja uso. Niliona akili zao zinavyohangaika. Mvua. Nani amenyeshewa? Nani alimwacha mwenzake nje? Mzee mmoja akamnong'oneza jirani yake kwamba hapo wanasemwa watu wa upande wa mama, wana kesi ya mtaro. Shemeji akaweka mkono kifuani. "Nani kawaambia bati langu linavuja?"

Mume wangu akamgeukia mke wa mwanetu, jambo asilolifanya. "Mwanangu, usiogope. Hiyo mvua unamsema nani?"

"Simsemi mtu, baba. Nilipojifungua, mvua ilikuwa inapiga bati la zahanati kwa nguvu sana, sikumsikia akilia. Nilidhani amekufa. Nikakaa nadhani amekufa, mpaka nesi akamleta karibu, nikaona mdomo uko wazi, analia."

Mume wangu akainamisha macho akamtazama mtoto, akamtazama sana, akamfunika mguu uliokuwa umetoka kwenye kanga. Kisha akaliita lile jina polepole, na mle ndani hakuna mwingine aliyejisikia ameitwa.